Ombi la Kukata Msitu Ili Tupate Pa Kupanda Miti

Kwako Mama Mwenyekiti Wachuka,
Ruring'u.

Kabla hujaendelea kusoma, nakusihi: yaliyomo humu yabaki kati yako na mimi. Usiyasome kwa sauti mbele ya wajukuu, na tafadhali usiipige picha barua hii ukaituma kwa bahati mbaya kwenye kundi la WhatsApp la Kamati, kama ilivyotokea kwa majibu ya daktari ya Mzee. Mkataba wangu unaisha mwezi huu. Naibu wako, Bwana Muchiri, ameniambia wazi kwamba sherehe ya Ijumaa ikiharibika kama ile iliyopita, nitarudi kwetu Bungoma kulima. Sijui kulima. Nimesomea usimamizi wa mazingira.

Kama ujuavyo, kila mgeni wa heshima anayefika katika hifadhi yetu hupanda mti, hupigwa picha akiumwagilia maji, kisha huwekewa kibao chenye jina lake na tarehe. Hiyo ndiyo kazi yetu. Sasa uwanja umejaa, na palipobaki ni penye msitu wa asili. Kwa heshima zote, nalalamika kwamba msitu huo unatuzuia kuhifadhi mazingira, kwa sababu zifuatazo:

1. Miti yake ilijiotea. Hakuna aliyeipanda, haina vibao, na hatujui tumshukuru nani. Ule mti mkubwa wa muiri wa katikati umesimama miaka yote hiyo bila hata kuzinduliwa.

2. Una kivuli. Miche ya wageni hutaka jua, kwa hiyo iliyo karibu na msitu imekauka yote. Vimebaki vibao tu, vimejipanga mstari, kila kimoja na jina na tarehe. Wiki iliyopita mama mmoja kutoka Sagana aliinamisha kichwa, akaniuliza kama anaruhusiwa kuweka maua. Mmoja wa waliotajwa kwenye vibao alikuwa amesimama nyuma yake, na alisikia.

3. Ndege hawajui itifaki. Katika sherehe iliyopita, mgeni alipofika pale pa kusema, "Barabara hii nitaiweka lami," hondohondo mmoja alilia juu ya muiri, sauti ndefu, kama mzee anayecheka akiwa na kikohozi. Watu wakacheka. Mgeni akarudia ahadi; ndege naye akarudia. Nilimwomba mlinzi wetu, Mzee Gicheru, amfukuze, naye akanijibu mbele ya umati wote, "Wacha yeye, karani. Huyo ako hapa tangu hiyo barabara iahidiwe mara ya kwanza." Naomba Gicheru aingizwe kwenye malalamiko haya, ingawa si ndege.

4. Bundi. Alitua mchana juu ya hema la wageni na hakuondoka. Kwaya ya Mwalimu Benter ilikataa kuimba chini yake, na Bwana Muchiri akaniuliza, "Ati nani alimpatia huyu kadi?" Nilimweleza kwamba bundi ni miongoni mwa ndege tunaowalinda kwa mujibu wa katiba ya hifadhi. Aliniambia nimlinde akiwa mbali.

Kwa hivyo naomba kibali chako, msitu wote ukatwe kabla ya Ijumaa, ili hifadhi ipate nafasi ya kupanda miti. Ndege wahamishiwe uwanja wa michezo hapo Ruring'u, ambako kelele zinaruhusiwa. Abaki yule mmoja aliyechorwa langoni. Tabia yake ni nzuri.

Nisalimie Mzee, na natumaini sukari yake imeshuka. Wasalimie wajukuu wote, na umwambie Ngendo nitamrudishia mwavuli wake mvua ikiisha. Nabaki mtumishi wako, angalau hadi mwisho wa mwezi,

Duncan Masinde,
Karani wa Hifadhi.

Nyongeza: Nilikuwa nimeshafunga bahasha wakati Bi. Mutanu, katibu wa mgeni wetu wa Ijumaa, alipopiga simu ya ofisi. Mheshimiwa hatapanda mti. Mgongo unamsumbua na hawezi kuinama, tena anasema amechoka kupigwa picha kando ya mashimo. Anataka aketishwe chini ya mti wa asili, ulio mkubwa kuliko yote, na ndege wasikike kwenye video. Nimemwahidi. Naondoa malalamiko yote manne, pamoja na Gicheru.

Tatizo ni Bwana Muchiri, ambaye nilimdokezea wazo langu asubuhi. Hakungoja kibali chako. Kinyua, mkata miti, amefika na msumeno wake wa injini, anasema kazi amepewa na Kamati, na ni wewe peke yako unayeweza kumzuia. Nimeweka kiti cha mgeni chini ya muiri, nikakikalia. Kinyua ananiambia, "Kijana, toka hapo, petroli yangu inaisha." Namjibu kwamba kiti hiki kimewekewa mtu. Bado nimekaa. Kivuli, nakiri, ni kizuri.

Barua inaletwa na Shiro wa kibanda cha chai. Usinipigie simu: nimeiacha ofisini kwenye chaji, na Gicheru akiipokea huweka sauti kubwa. Njoo mwenyewe. Pitia lango la nyuma, ufuate mlio wa msumeno. Ukiwa wa chini, bado tunazungumza. Ukipanda, Mama, kimbia.