Juzuu Tatu Ambazo Mji Mzima Haujaziazima

Kwa Mhariri wa gazeti letu la kila wiki,
Val-Robitaille, Kaskazini mwa Ontario.

Mhariri Mpendwa,

Pokea salamu za mtu aliyeudhika, lakini aliyepiga pasi shati kabla ya kuketi kuandika.

Katika toleo lako la Alhamisi, maktaba ya mji imetangaza vitabu ambavyo havijaazimwa kwa miaka kumi, na kwamba vitauzwa kwenye karamu ya maharagwe ya parokia. Juu kabisa ya orodha nimeona juzuu zangu tatu za historia ya siasa za shirikisho na jamii zetu zisemazo Kifaransa nje ya Quebec. Kurasa elfu moja mia nne na sita! Kazi ya miaka ishirini na saba itapangwa mezani kati ya viatu vya kutelezea barafuni na sufuria zisizo na vifuniko. Imeniuma, sitaficha. Nina miaka sabini na minne, sina mtoto, na hivyo vitabu ndivyo pekee nitakavyowaachia watu wa hapa.

Malalamiko yangu ni haya:

1. Watu wetu husoma historia kuanzia nyuma. Siku ya kuzindua juzuu ya kwanza walipanga foleni hadi nje, nami nikavimba kichwa. Kumbe kila mmoja alikuwa anafungua orodha ya majina mwishoni, anatafuta ukoo wake, na asipouona anakirudisha kitabu mezani. Bwana Onésime Lachapelle, mwenye duka la vifaa vya ujenzi, aliuona wake. "Profesa, umemweka babu ukurasa wa mia mbili na kumi na mbili!" akapiga kelele, akanunua nakala mbili. Ukurasa huo unaeleza jinsi babu yake alivyouza kura kwa ndoo ya mafuta ya nguruwe. Mpaka leo hajui, na naomba usiichapishe sentensi hii.

2. Padre Gédéon, msomi wetu wa pili baada yangu, alinishika mkono mbele ya waumini. "Profesa, ile sura yako ya tisa Mungu akubariki. Daktari alikuwa ameshindwa kabisa kunipa usingizi." Sura hiyo inahusu mgawanyo wa mamlaka juu ya samaki wa mitoni, nami naiona inasisimua.

3. Hili ndilo zito. Dada yangu Fleurette, aliyenisomesha kwa mshahara wake wa kiwanda cha mbao, hajasoma hata neno moja. Nakala za kumpa sikuwa nazo, maana zangu zote niliwatumia wabunge, na hakuna aliyejibu. Krismasi, tukila pai ya nyama, nilimwuliza kulikoni. Akasema, "Mdogo wangu, nangoja zamu yangu maktaba." Zamu! Kwa kitabu kisichotakiwa na mtu! Nikamwambia kwamba hata serikali kuu hudanganya vizuri kuliko hapo. Akachukua koti lake akaondoka. Hatujasemezana tangu siku hiyo, na sasa ni Aprili.

Kwa hiyo naomba, kwa heshima zote, halmashauri ya mji igawie kila kaya sura moja ya kusoma. Kwenye karamu, mtu asipewe sahani ya maharagwe kabla ya kujibu swali kuhusu Baraza la Seneti. Wenye meno bandia waruhusiwe kujibu kwa maandishi. Halmashauri ikikataa, nyumba yangu itajitoa katika mji huu kwa masharti niliyoyafafanua katika juzuu ya tatu. Itakuwa na bendera yake na sheria zake, ila gari la kuondoa theluji liendelee kupita, kwa kuwa hayo ni mamlaka ya pamoja. Kura ya maoni ilifanyika jana jikoni. Nilishinda kwa kura moja, paka hakuegemea upande wowote.

Nisalimie wote ofisini, mkeo, na yule fundi wa chapa anayekosea jina langu kila mwaka.

Wako mwenye kinyongo cha kistaarabu,
Profesa (mstaafu) Théophraste Quesnel

Baada ya sahihi: Nilishuka kwenye chumba cha chini ya nyumba kutafuta bahasha. Ndani ya boksi nimekuta juzuu zote tatu, zina muhuri wa maktaba. Niliziazima wiki ileile zilipofika, miaka kumi na moja iliyopita, ili nisahihishe makosa kwa penseli kabla mtu hajayaona. Nilifika ukurasa wa sitini.

Nimempigia simu Bi Rolande wa maktaba. "Tulijua unazo, Profesa," akasema, "lakini nani angethubutu kukudai wewe? Ile orodha ya gazetini ilitolewa na kompyuta, nayo haitofautishi kitabu kisichoazimwa na kisichorudishwa." Kisha akanisomea orodha ya wanaozingoja. Wako kumi na tisa. Wa kwanza ni Fleurette, na ameliandikisha jina lake upya kila Januari, hata Januari hii.

Usiichapishe barua hii. Navaa koti nimpelekee dada yangu juzuu hizi, na sijui nikifika mlangoni nitaanzia wapi.