Mwavuli wa Mama Mkwe

Nachingwea,
20 Agosti 1950

Kwa Bwana Algot Sundelius,
Mtunzi wa Vichekesho vya Sinema,
Uswidi.

Bwana Sundelius,

Shikamoo. Nakuandikia wewe uliyetunga vichekesho kabla sinema hazijajifunza kusema. Afya yangu ni njema, ila nyumba yangu imevunjika, na aliyeivunja ni wewe. Naeleza kwa utaratibu, usije ukasema nimekusingizia.

Kwanza. Bwana Nilsson, Mswidi mwenzako anayetengeneza matrekta kwenye kambi ya karanga, amekuja na sinema yako moja ndani ya sanduku la bati. Huionyesha Jumapili alasiri ghalani, maana ghala lina nafasi, karanga bado zinasubiriwa. Watu wako wanafungua midomo na sauti haitoki. Maandishi yanayopita ni ya Kiswidi. Basi nasimama kando ya shuka nyeupe na kuwasemea. Bwana Nilsson ananinong'oneza maneno matatu, mimi naongeza yaliyobaki. Watu wakaanza kuniita Mtunzi hata sokoni. Sikuwakatalia, kwa sababu ya adabu.

Pili. Ulimketisha mtu meza moja na mama mkwe wake! Huku kwetu nikimwona mama mkwe wangu njiani, naingia porini hadi apite. Nina miaka kumi na moja ya ndoa na hajaniona nikitafuna hata muhogo. Huyo wako anakula mbele ya mkwewe, mdomo umejaa, kisha anapigwa keki ya uso. Mzee Isihaka alitoka nje. Nikajaribu kukuokoa, nikasema huyo mama ni shangazi yake. Papo hapo akaanza kumfukuza kwa mwavuli kuzunguka kitanda. Nikaona hata shangazi hafai, nikasema ni karani wa kodi aliyevaa gauni. Ghala zima lilicheka, nami nikakusamehe kwa dakika mbili hivi. Lakini mwishoni ukawachezesha dansi wameshikana mikono, na mimi sijamwona karani wa kodi anayecheza dansi na mlipa kodi. Kila mtu akajua ni mkwe.

Tatu. Bi Sabaha, mama mkwe wangu, alikuwemo ghalani. Sikujua, kwani upande wa wanawake sithubutu kuutazama, asije akawemo. Naye ana mwavuli. Kutoka Mandawa hadi Likunja hakuna mwanamke mwingine mwenye mwavuli. Lazima ameamini nimemtungia yeye, maana kesho yake alimwita kwake Mandawa mwanawe, mke wangu Kulthumu, na hii ni wiki ya tatu hajarudi. Nitajieleza vipi kwa mtu nisiyeruhusiwa hata kumtazama? Ugali napika mwenyewe, unaungua. Nampenda mke wangu, Bwana, na wala sioni haya kuliandika hilo.

Nne. Nasikia umetunga vichekesho arobaini, na kila kimoja kina mama mkwe. Sinema zilipoanza kusema ukaacha kazi, na siku hizi unatunga matangazo ya sabuni. Pole sana, sisi ni watu wa kazi moja. Lakini hukuweza kumgeukia mjomba hata mara moja?

Kwa hiyo naomba barua yenye muhuri, ukikiri kwamba mtunzi ni wewe na hujawahi kufika Mandawa. Kama muhuri hautoshi, uje mwenyewe umwombe radhi Bi Sabaha, kwani wewe si mkwewe. Uje na mama mkwe wako pamoja na mwavuli wake, ili ionekane wazi kwamba miavuli ni miwili. Tafadhali njiani mtembee mbalimbali.

Msalimie mkeo, majirani, na yule aliyepigwa keki. Tunatumaini macho yake yamepona.

Mwenzako kazini,
Mikidadi Swalehe,
Msemaji wa Sinema (aitwaye Mtunzi kwa makosa)

Nyongeza: Kabla sijafunga bahasha, Kulthumu amerudi. Kumbe mama yake alimwita ili wasimulie sinema kila siku, wanawake wa Mandawa wakijazana uani, na Bi Sabaha mwenyewe akiigiza kwa mwavuli. Anatamba kwamba mkwe wake amemtungia sinema. Kwa hiyo usikiri. Wakikuuliza, wewe ni mtu wa sabuni.

Jana alikuja tena ghalani. Nilifanya kosa, Bwana, nikachungulia upande wa wanawake. Alikuwa anacheka. Miaka yote hii sikujua kwamba ana mwanya kama wa Kulthumu.