Ng'ombe Wangu Hahitaji Dijei

Jumanne, 3 Juni

Filamu imekamilika! Inaitwa Anacheua. Ng'ombe mmoja wa kule kijijini Mwamkulu, kalala, anacheua. Saa nzima. Hakuna muziki, hakuna neno, kamera haigeuki. Mke wangu Esteria kauliza, halafu ng'ombe anafanya nini. Nikamjibu anacheua. Kasema ng'ombe wanapita mlangoni kwetu kila siku bure, nani atoke kwake kuja kumwangalia wa kwenye kitambaa cha sinema? Kisha akasinzia, filamu inaendelea. Sawa. Nimeshatengeneza filamu tano na hakuna binadamu aliyewahi kuvumilia hata moja hadi mwisho. Namtaka mmoja tu. Mmoja! Nikimpata, Mpanda nzima itajua mimi si kichaa.

Alhamisi, 5 Juni

Ndaki, mwenye banda la video mtaani kwetu, kanipa nafasi. Nilishukuru mapema mno. Filamu imeanza, watu wameguna, Ndaki kashika maiki. Yeye ndiye dijei, kazi yake kutafsiri filamu za Kichina huku zikiendelea. Kaanza kumtafsiri ng'ombe wangu! Eti ni jambazi mstaafu, anatafuna ramani ya dhahabu, na yule nzi wa sikioni ni mpelelezi katumwa kutoka Dar. Nzi aliporuka, watu wazima na ndevu zao wakasimama wakimpigia ng'ombe kelele akimbie. Hakutoka hata mmoja. Mwisho wakanibeba juu juu! Nikawaambia wanishushe. Walimsikiliza Ndaki, filamu yangu hawajaiona. Hiyo haihesabiki, ng'o!

Ndaki anaomba sehemu ya pili, nzi alipe kisasi. Mshenzi yule.

Jumamosi, 7 Juni

Kabla ya onyesho la pili bandani, Ndaki akiwa anakula, nimechomoa waya wa maiki nikautia mfukoni. Nikakaa benchi la mbele. Filamu ikaanza. Ndaki kagonga maiki, kapuliza, wapi! Kimya changu hatimaye! Wafugaji wakaanza kubishana. Huyu kasema ng'ombe ana minyoo, yule kasema anaumwa kwato, ndiyo maana hanyanyuki. Wakaafikiana achinjwe, wakaondoka. Wengine wakafuata. Nimeumia, sifichi. Lakini nyuma kabaki mama muuza chai, Mama Pudensiana, kasimama, mikono kifuani, macho mbele. Hadi mwisho! Machozi yalinitoka. Nikamkimbilia kumuuliza kaona nini. Kasema, mwanangu, mabenchi ya hapa ni yangu, nilikuwa nasubiri unyanyuke nibebe la mwisho.

Jumapili, 8 Juni

Kanisani sijasikia hata mahubiri. Esteria kasema nimrudishie Ndaki waya na nimwombe radhi, maana Alhamisi watu walicheka kwa raha na mimi sijawahi kumfurahisha mtu. Thubutu! Nimeshapata mtazamaji, halafu nirudi nyuma? Alibaki hadi mwisho. Alibaki! Kwa nini alibaki, hayo ni yake.

Mchana nimeenda kwa Mama Pudensiana kuazima mabenchi kwa ajili ya filamu mpya, nitaionyesha uani kwetu. Kakubali, ila kasema nisimcheleweshe. Filamu yenyewe ni sufuria ya maharage inachemka. Urefu wake saa tatu nzima. Sijamwambia.

Mimi nitakaa benchi la mbele, na sinyanyuki.