Mbuzi Ambaye Liège Haikumwona

Jumatano, 7 Mei 2025

Habari kubwa! Mama Victorine, mwenye ofisi yetu ya kurusha sherehe mtandaoni, atateua mkuu wa mafundi. Jumamosi tunarusha sherehe ya mahari ya Chancelvie, kule mtaa wa Golf. Ndugu wako Liège, Montréal, hata Pweto. Tuna mashine mbili za kuwahudumia watazamaji: moja naitunza mimi, nyingine Exaucée. Ambaye mashine yake haitakwama, cheo ni chake.

Nina miaka sita hapa. Exaucée ana miezi saba na kalamu za rangi nne. Cheo ni changu! Nimeshamwambia mke wangu Mado. Akauliza kama nimekipata au nimekitangaza tu. Mwanamke huyu!

Alhamisi, 8 Mei

Exaucée amefika kabla yangu. Tena. Amefuta vumbi kwenye mashine yake, kisha akafuta na la kwangu. Ujanja wa aina gani huu?

Nimewaza sana wakati wa kula bukari, ugali wetu wa mchana. Mashine hukwama kwa wingi wa watu. Wasipokuwepo watu, haikwami. Rahisi hivyo! Na anayegawa watu ni nani? Faili moja dogo kwenye maktaba ya pamoja ya kompyuta, ambamo programu za mashine zetu huazima maagizo. Mtazamaji akibisha, programu inauliza faili: nimpokee huyu au nimpeleke kwa mwenzangu? Faili linagawa kwa haki, mmoja huku, mmoja kule. Haki! Haki haijawahi kunipa cheo.

Ijumaa, 9 Mei

Exaucée ametoka kununua mkate. Nimefungua faili. Nimefuta haki yote, nikaandika agizo moja: kila anayekuja, mpeleke kwa mwenzako. Kesho mashine yangu itapumzika na ya Exaucée itabeba Liège nzima mgongoni. Juu nimeandika "Kazi ya fundi Aimé", maana kazi nzuri isiachwe yatima.

Sikufanya majaribio. Majaribio ni ya watu wasiojiamini.

Jumamosi, 10 Mei

Niandike haraka kabla sijabadilisha mawazo.

Saa nne tulianza. Nikatazama kompyuta yangu: mashine yangu, watu sifuri! Safi! Nikatazama ya Exaucée ili nimhurumie kidogo. Sifuri pia. Nikadhani watazamaji wana adabu, wanangoja wazee wakae.

Mbuzi wa mahari akatolewa, akapokelewa, akapelekwa nyuma ya nyumba, akaingia sufuriani. Ndipo simu zikaanza kulia. Papa Godefroid, baba wa Chancelvie, alipigiwa na kaka yake mkubwa Mbuyi, aliye Liège: tangu asubuhi anaona kiduara kinazunguka tu. Exaucée alielewa kabla yangu. Agizo langu limesomwa na mashine zote mbili! Yangu ilimtuma mzee kwa ya Exaucée, ya Exaucée ikamrudisha kwangu. Watu mia mbili wanatembezwa hivyo tangu saa nne!

Mashine hazikukwama, lakini. Hata mara moja.

Mzee Mbuyi ndiye mkubwa wa ukoo. Bila yeye binti hatolewi. Sauti yake ikatoka kwenye simu, kiwanja kizima kikasikia: "Ile mbuzi yenye sikuona na macho yangu haiko mbuzi. Mutarudia yote!" Chancelvie akalia mpaka rangi ya macho ikamfika kidevuni. Nimeona aibu. Kweli, nimeona aibu hadi kwenye masikio.

Nilimweleza Mama Victorine kwamba faili limechoka. Akanitazama. "Faili njo iliandika jina yako yenyewe?"

Jumapili, 11 Mei

Exaucée alikuwa na nakala ya faili la zamani. Bila shaka. Amelirudisha.

Kutafuta mbuzi mwingine nimeachiwa mimi. Masoko mawili! Nimempata mmoja mwenye hasira, amenilia kola ya shati njiani. Ephraïm, mchumba mwenyewe, hakunisalimu. Saa nane nikasimama mbele ya kamera nimeshika kamba. Mzee Mbuyi akaomba tumgeuze mbuzi aone upande wa pili. Tukamgeuza. Akaridhika! Vigelegele! Papa Godefroid alifuta macho, na Chancelvie akaniletea soda kwa mkono wake mwenyewe. Moyo wangu ukatulia kabisa.

Halafu Mama Victorine akasimama na kumtangaza mkuu wa mafundi. Exaucée. Nilipiga makofi. Si kwa nguvu sana.

Jumatatu, 12 Mei

Jambo la kwanza mkuu mpya amefanya: ameomba nisifukuzwe. Amekubaliwa. Nimeguswa, sifichi.

Na kuna habari! Sherehe ya mbuzi wawili imezungumzwa mpaka Montréal, wateja wapya wanapiga simu, na Mama Victorine analeta mashine ya tatu. Mwisho wa mwezi atateua naibu. Kipimo kilekile: mashine isikwame.

Nimekaa nikajichunguza kwa unyenyekevu. Sasa naona kosa langu. Agizo lilikuwa zuri. Tatizo lilikuwa mashine mbili. Zikiwa mbili, lazima zirudishiane mtu. Lakini zikiwa tatu na zote zinasoma faili langu, ya kwanza itampeleka kwa ya pili, ya pili itampeleka kwa ya tatu, na ya tatu itajua yenyewe la kufanya.