Nimeipiga Deki Hita ya Bibi

Jamani, leo nimeadhirika. Nawaandikia na nguo bado zanuka sabuni ya ndimu na vumbi la kale.

Wanaonijua wanajua nilivyochoka na zamu za usiku kule ninakotunza wazee. Mimi narudi asubuhi, binti yangu anatoka kwenda skuli. Tunapishana mlangoni kama wapangaji. Kwa hiyo Sauda, shoga yangu wa Thamesmead, aliponitafutia kazi ya usafi ya mchana kwa bibi mmoja wa Kiingereza upande wa Lewisham, niliitaka kwa roho yangu yote. Leo ilikuwa siku ya kujaribiwa. Nikimridhisha, nimeajiriwa.

"Usinitie aibu, shoga," Sauda alinambia kwenye simu. "Bibi mwenyewe hana maneno, ila nyumba yake aipenda kama mwana."

Nyumba ni ya zamani mno. Sakafu ya ukumbini ni vigae vyekundu na vyeusi, na katikati yake, kutoka mlangoni mpaka ndani ya chumba cha kulia, umepita mstari wa vyuma vyenye matundu, vimetiwa nakshi za maua. Bibi alinikabidhi ndoo na mopu. Akanambia anatarajia wageni, watu wa chama cha wapenda nyumba za kale, kisha akaenda jikoni.

Nikaitazama ile mopu. (Mopu haiondoi uchafu, inautembeza tu.) Mimi nimelelewa Unguja. Kwetu sakafu hupigwa deki: unamwaga maji, unasugua, unayasukuma yatoke zake. Nikatafuta pa kutokea, nikaviona vile vyuma. Kumbe Waingereza wa zamani walikuwa na akili, nikasema moyoni. Palikuwa na vuguvugu likipanda pale, sikulijali. (Nilidhani kuna mtu anaoga.)

Nikamwaga ndoo ya kwanza, na sabuni. Nikasugua. Nikamwaga nyingine. Maji yakateremka vizuri sana, na huko chini yakalia chiii. Nikafurahi kwamba njia haijaziba.

Wageni wakaingia na kusifia vigae. Nilijisikia mtu, msinilaumu. Bibi akawapeleka chumba cha kulia, mimi nyuma na sinia ya chai. Akaanza kuwaeleza: chini ya vyuma hivi yamelazwa mabomba ya maji ya moto aliyoyatia babu yake, na ndiyo yanayoipasha nyumba joto mpaka leo.

"Humu ndani hamjapata kuingia tone la maji," akasema kwa fahari. "Babu alikuwa akisema adui wa hita hii ni unyevu."

Nikageuka kuitazama ndoo yangu tupu kule ukumbini.

Mvuke ulitoka kwanza karibu na kiti cha bibi. Kisha dirishani. Kisha chumba kizima kikawa kinafuka kama sufuria la wali, na kwenye zile nakshi za maua likachomoza povu, taratibu, halina haraka. Mgeni mmoja akapiga magoti, akanusa.

"Panukia ndimu," akasema.

"Pengine ni kutu," akasema mwenziwe.

Bibi alikuwa amebadilika rangi. "Bomba limepasuka," akasema. "Miaka yote hii, limepasuka leo."

Ningeweza kunyamaza. Wallahi nilifikiria. Lakini machozi yalikuwa yamemlenga, roho ikaniuma.

"Halijapasuka," nikasema. "Ni mimi. Nimepiga deki."

Sasa, deki kwa Kiingereza husemwaje? Sikujua. Ikabidi niweke sinia chini na nioneshe kwa vitendo: kumwaga, kusugua, kusukuma. Nikaonesha tangu mlangoni mpaka kwenye vyuma, kwa kurudi kinyumenyume, nimeinama, makalio yamewaelekea wapenda nyumba za kale. Mmoja wao alikuwa akiitikia kwa kichwa polepole, kama mtu aliye darasani.

Bibi alinisindikiza mlangoni mwenyewe. Hakufoka, na bora angefoka. Alinishika mkono, akasema hajapata kuona mtu mwenye bidii kama mimi, na kwamba atatafuta mwingine.

Sauda hapokei simu. Leo usiku narudi zamuni. Anayejua nyumba yoyote inayotaka mtu wa usafi wa mchana aniandikie, tafadhali. Ila iwe imetandikwa zulia mpaka jikoni.