Ombi la Kukatwa kwa Mkungu wa Mfalme

Igurwa, Karagwe
Tarehe 14 Agosti (kwa kalenda yenu sijui ni lini)

Kwa Mhariri,
Jarida la Mwanga wa Vilima

Ndugu Mhariri,

Habari za kazi? Mimi ni Deodatus Rweyemamu, mkulima wa migomba na kahawa, mgane, umri wangu miaka hamsini na minane. Sijawahi kuandikia jarida lolote. Mmenilazimisha ninyi, kwa hadithi yenu ya Ufalme wa Rwenkuba, ile nchi iliyo juu ya mawingu ambako watu husafiri kwa kupanda mgongoni mwa korongo. Korongo sina neno nao, maana bodaboda zetu zinatisha zaidi. Ugomvi wangu ni kalenda.

Huko Rwenkuba mmefuta Januari, mmefuta na Jumatatu. Wiki ina siku tisa. Mwaka unaanza mgomba wa mfalme unapotoa ua na unaisha mkungu unapokatwa, na siku hiyo mmeiita Siku ya Mkungu. Tena mtu akiombwa jambo zito, haruhusiwi kujibu mpaka siku hiyo ifike. Haya nimeyapata kwa Xaveria, fundi cherehani wa hapa kijijini, ambaye huwasomea wateja wake jarida huku nguo zikisubiri. Nimehudhuria matoleo yote isipokuwa la nne, kwa sababu nilikuwa nimelazwa Nyakahanga na mguu wangu.

Malalamiko yangu ni haya:

1. Wiki ya siku tisa. Mimi na jirani yangu Privatus tunapalilia kwa zamu, leo kibanja chake, kesho changu. Tangu mlipotangaza kwamba siku ya nane na ya tisa jembe hulala, zamu yangu haijawahi kuangukia siku nyingine. Nikimwita ananijibu kwa upole kabisa, “Mzee Deo, jembe limelala.” La kwangu halilali.

2. Umri. Mwaka wenu ni kama miezi minne. Xaveria amepiga hesabu mbele za watu, akasema nina miaka mia moja sabini na minne. Bibi Kantengwa, ambaye alikuwa akinibeba mgongoni nikiwa mtoto, sasa tukikutana njiani ananipigia magoti na kuniamkia shikamoo, halafu anacheka mpaka anashika mti.

3. Mwaka mpya. Privatus huyo huyo aliwaahidi watoto wake pilau ya mwaka mpya. Walipomchosha, akaingia kibanjani akakata mkungu mchanga, ndizi nyembamba kama penseli, ili mwaka uishe. Kana kwamba mgomba wa mfalme umeota nyuma ya choo chake! Nilimwita mpumbavu mbele ya watoto wake, na neno hilo silifuti. Mkulima hakati mkungu mchanga kwa sababu yoyote ile.

4. Mkungu wenyewe wa mfalme. Nimelima migomba miaka arobaini. Mkungu hukaa miezi mitatu, ukichelewa sana minne. Huu wenu ulitoa ua toleo la pili, tuko toleo la kumi na tatu, miezi kumi na moja sasa, na bado unaning'inia. Ndege wa Rwenkuba wanakula nini? Ama mfalme hali, ama mwandishi wenu, Bibi Benitha, hajawahi kusimama chini ya mgomba.

5. Hapa ndipo panaponiuma. Jumapili ya Matawi nilivaa koti nikaenda kwa Xaveria. Ni mjane mwaka wa tisa sasa. Nilimwomba tufunge ndoa. Aliweka mkasi chini, akanitazama, akasema atanijibu Siku ya Mkungu. Nilicheka. Yeye hakucheka. Tangu hapo nangoja mfalme wenu akate ndizi. Nyumbani kwangu kuna viti sita na mtu mmoja. Asubuhi nawasha redio kabla ya kunawa uso, ili tu pawe na anayeongea. Ninampenda, Ndugu Mhariri. Nakuandikia wewe kwa kuwa hunijui, na hutanicheka ukikutana nami gulioni.

6. Jarida lenu limeanza hata kumharibu tabia. Jumanne iliyopita alikuja kwangu amevaa kitenge kipya, amebeba kikapu kilichofunikwa jani la mgomba. Ndani mlikuwa na chane moja tu ya ndizi. Akasimama mlangoni kama anayesubiri stakabadhi. Nilishukuru, nikamwambia kwamba mwaka huu za kwangu ni nene kuliko zake. Sikukumbuka hata kumkaribisha kiti, kwa sababu nilikuwa katikati ya kukuandikia barua hii. Akaondoka bila kuaga. Xaveria wa zamani hakuwa hivyo.

Kwa hiyo naomba, kwa heshima zote, toleo lijalo mkungu wa mfalme ukatwe. Kama hadithi hairuhusu, leteni upepo uuangushe. Upepo ukishindikana, korongo waule. Na kama hakuna njia nyingine, mfalme afe na mrithi wake aukate siku ya mazishi; msiba huo mimi nitauvumilia. Nauli ikipatikana niko tayari kuja ofisini kwenu na panga langu la kibanjani, msiogope, nimwonyeshe Bibi Benitha mkungu unavyokatwa.

Nisalimie wachapaji wote, na wanaofunga magazeti, na Bibi Benitha mwenyewe, ambaye sina chuki naye. Wasalimie na korongo. Mfalme usimsalimie.

Anayengoja kwa kalenda isiyo yake,
Deodatus Rweyemamu

Nyongeza: Nilimpelekea Xaveria barua hii ili anisahihishie. Alisoma namba sita mara mbili. Kisha akaingia chumbani akatoka na toleo la nne, akanionyesha ukurasa wa tisa kwa kidole. Kumbe Rwenkuba kila nyumba inahesabu mwaka kwa mgomba wa uani kwake, si wa mfalme. Na anayekubali ombi hupeleka chane ya juu ya mkungu wake, kwa mkono wake mwenyewe. Mwombaji naye hurudisha chane ya juu, mkungu wake ukishakatwa.

Ile chane niliila na maharage.

Mgomba wangu wa uani ulitoa ua mwezi uliopita tu, ungefika Novemba. Nimeukata leo asubuhi. Privatus alikuwa anatazama na watoto wake, kwa hiyo nimemwomba radhi papo hapo, wakisikia. Namba tatu ifute. Za mfalme ziacheni zining'inie mnavyotaka.

Chane nimeipeleka mwenyewe, nimevaa koti. Ndizi zake ni nyembamba kama penseli. Xaveria amezipokea, akanikaribisha kiti.