Kituo cha Kurudisha Nguo Kuwa Uzi

Mtu tuliyemwita Sabuni alipata jina hilo kwa sababu mbili: alinukia vizuri, na hakuna aliyewahi kumshika. Siku ninayoanzia alikuwa ghorofa ya tatu ya majengo yetu akiuza vichujio vya maji, ambavyo kwa kweli vilikuwa vikombe vya plastiki vilivyotobolewa kwa msumari wa moto. Biashara ilikuwa mbovu. Alikuwa ameshafungiwa milango minne alipokutana ngazini na Mwalimu.

Mwalimu ni mama mstaafu aliyekuwa mkuu wa shule miaka mingi, na sasa ndiye mwenyekiti wa kamati yetu ya wapangaji. Alikuwa na mifuko mitatu mikubwa ya nguo. Aliteremka nayo ngazi chache, akasita, akapanda nayo tena. Alifanya hivyo mara mbili, Sabuni akimtazama tu. Mtu mwingine angempokea mama wa watu mzigo. Sabuni alitaka kwanza kujua mzigo una nini ndani.

"Mwalimu, hizo zinashuka au zinapanda?"

"Ningejua, ningekuwa nimeshafika," Mwalimu akasema.

Akamweleza shida yake. Wiki nzima redio ilikuwa ikizungumzia nguo zinazotupwa: jinsi zinavyojaza madampo na kuziba mito, na jinsi zile za nailoni zitakavyotuzika sisi na wajukuu wetu zikiwa bado na rangi yake. Kabati lake lilikuwa halifungi. Ndugu aliowagawia zamani siku hizi hawapokei, maana makabati yao nayo hayafungi. Kutupa anaona aibu, kubaki nazo hawezi.

Haya yote nimeyapata kwa Sabuni mwenyewe, nami nimeyapunguza chumvi kadiri nilivyoweza. Anasema pale ngazini alipata ufunuo. Majengo yetu yalikuwa yamejaa watu wenye nguo nyingi na aibu nyingi. Taka zina gari lake, hupita Jumanne na Ijumaa. Aibu haikuwa na gari.

Akaviweka chini vichujio vyake. Akamwambia Mwalimu kwamba hivyo ni vya rafiki yake mgonjwa, anamsaidia tu. Kazi yake hasa ni afisa wa Kituo cha Kurudisha Nguo Kuwa Uzi. Pale kituoni kuna mashine. Gauni linaingia upande huu, upande wa pili yanatoka mabunda ya uzi, na zipu zinadondoka pembeni kwenye ndoo. Mwalimu akauliza na nailoni je. Sabuni akajibu kwamba nailoni ndiyo mashine inayoipenda kuliko zote.

Mwalimu alimtazama kwa muda, kama anavyotazama mtoto anayesema daftari limeliwa na mbuzi. Lakini mikono ilikuwa imemchoka. Akaitoa mifuko.

Kesho yake Sabuni alirudi na shemeji yake, kaka wa mkewe, mtu mpole mwenye pikapu na maneno machache. Alikuwa pia na vyeti. Cheti cha Kabati Safi kilikuwa na picha ya jani, muhuri wa duara, na sentensi iliyosema kwamba mwenye cheti hiki hadaiwi chochote na mazingira. Kila mfuko ulikuwa na ada ndogo, kwa sababu Sabuni anajua binadamu: ukimwondolea aibu bure, hataamini kama imeondoka.

Watu wakashuka na mifuko. Mimi nilitoa mashati kumi na moja, na mawili kati yake sikuwahi kuyavaa hata siku moja. Cheti nilikibandika juu ya televisheni, na wageni wakija niliwakalisha mahali ambapo hawangeweza kukikwepa. Kisha nikaenda kununua mashati mengine. Kabati tupu lina mwangwi, na mimi si mtu wa kuvumilia mwangwi. Wenzangu walifanya hivyo hivyo. Mwezi wa pili wa kituo kile, majengo yetu yalikuwa yananunua nguo kuliko wakati wowote, kwa roho safi kabisa. Wajinga ndio waliwao, wahenga walisema. Mimi nilijipakua mwenyewe nikauliza kama pilipili inatosha.

Sabuni alikuwa amepanga kula mara mbili: ada kutoka kwetu, na bei kutoka kwa wauza mitumba. Hapo ndipo alipojikwaa. Alipeleka marobota yake sokoni kwa mwanamke mmoja wa mitumba, mtu mzima katika kazi hiyo. Mama yule alishika blauzi moja, akaivuta kidogo begani, na mshono ukaachia kimyakimya kama mtu anayekubali kosa. Akachukua nyingine, nayo vilevile. Akamwambia Sabuni kwamba nguo hizi zilishonwa ili zipigwe picha mara moja; hazifiki kufuliwa mara tatu, na yeye ana wateja wa kuwaheshimu. Wauzaji wengine walisema yaleyale, wengine bila adabu.

Kwa hiyo nguo zikarudi nyumbani kwake. Alikuwa na vyumba viwili na mke mwenye subira. Vikabaki vyumba viwili. Marobota yalijaa sebuleni mpaka mkewe akawa anapitia kwa ubavu kwenda jikoni, na siku alipokosa sufuria kwa sababu iko nyuma ya rundo la suruali, alimwambia mumewe achague nani alale nje, yeye au mali yake.

Nyuma ya kinu cha zamani cha kusaga unga kuna korongo linalopeleka maji ya mvua kwenye kalavati, lile bomba kubwa linalopita chini ya barabara. Sabuni akamwambia shemeji yake kwamba huko ni mahali pa kuhifadhi kwa muda. Shemeji aliuliza kwa muda gani. Sabuni akashika robota la kwanza. Wakamwaga pikapu moja, halafu ya pili, halafu wakaacha kuhesabu. Shemeji alikuwa akirudi nyumbani bila kuwasha redio ya gari, na kwa mtu wa maneno machache kama yeye hiyo ilikuwa hotuba.

Mvua zilipokuja, kalavati lilikuwa limemeza kile lilichoweza. Maji yakakosa njia, yakapanda, yakaingia kwenye safu ya maduka ya chini. Sisi wa ghorofani tulitazama dirishani tukasikitishwa sana na watu wanaotupa taka ovyo. Mimi nilisema maneno makali kuliko wote. Cheti changu kilikuwa kikinitazama.

Wiki moja baadaye Mwalimu alimpigia Sabuni simu. Kamati ilitaka kutembelea kituo Jumamosi ijayo.

"Nimesikia kiko kule chini karibu na kalavati," Mwalimu akasema. "Kwa yule mama mwenye mashine ya kuchambua matambara."

"Huko huko, Mwalimu," Sabuni akasema, kwa sababu ulimi wake una tabia ya kufika kabla yake.

Basi ikabidi kwanza akapatafute huko huko. Alimkuta mama mmoja anayeitwa Fundi, mwenye karakana ya cherehani na magodoro, wanawake wanne wakimsaidia, na kweli kulikuwa na mashine ya kuchana vitambaa vikawa manyoya ya kujazia. Ukutani kulikuwa na mstari wa tope usawa wa goti, kutoka kona hadi kona. Cherehani moja ya umeme ilikuwa imepinduliwa juu ya meza, tumbo wazi. Sabuni aliona yote hayo na hakuuliza. Alikuwa na haraka.

Alimwomba akodishe karakana kwa siku moja. Akasema ni kwa ajili ya wageni fulani, mambo ya maonyesho. Fundi alimsikiliza huku akichomoa pini mdomoni moja moja. Alipomaliza pini akasema sawa, ila wageni wa siku hizi wanauliza maswali, na mtu asiyejua kazi ataumbuka. Afadhali aje siku nne kabla ajifunze.

Sabuni aliona ni hekima. Jumanne alikata vifungo, akavitenga kwa ukubwa. Jumatano aling'oa zipu mpaka kucha zikamuuma. Alhamisi alijifunza kutofautisha pamba na nailoni kwa kuchoma uzi mdogo: pamba inanuka karatasi, nailoni inayeyuka na kuuma vidole. Shemeji alileta marobota yote yaliyobaki nyumbani. Ijumaa jioni Sabuni alikuwa amechambua mlima mzima peke yake bila ujira, na alikuwa amelipa kodi ya karakana juu yake. Anasema alitembea kwenda nyumbani akijipongeza kwa kumpata mama mjinga kiasi kile.

Kabla hajaondoka, Fundi alimwekea karatasi mbili za kutia sahihi, akisema wageni watataka kuona kituo kina makaratasi. Sabuni akatia sahihi. Maisha yake yote ameandika karatasi ambazo watu hawazisomi, na haikumjia kwamba mtu mwingine naye anaweza kuziandika.

Jumamosi tulifika watu kumi na wawili, tumevaa vizuri. Sabuni alituzungusha. Alituonyesha vifungo kwenye makopo, pamba ikiingia mashineni na kutoka manyoya, matambara ya kudekia yakishonwa. Alieleza kwa ufasaha, na safari hii alichosema kilikuwa kweli, jambo ambalo anasema lilimpa kizunguzungu kidogo. Nilijivunia sana kabati langu.

Mwalimu akauliza nailoni inafanywaje.

Sabuni alifungua mdomo, lakini Fundi akamtangulia. Akasema haifanywi kitu. Hana mashine inayoiweza. Akatuomba tupite uani.

Uani palikuwa na kamba kumi, na kila kamba ilikuwa imelemewa nguo za rangi ya tope. Fundi akasema hizi yeye na wenzake walizivuta kwa mikono kutoka kwenye kalavati, asubuhi baada ya maji kuingia. Tulisimama. Mtu mmoja akasogea, akashika gauni, akaliachia upesi. Mimi nililiona shati langu kwenye kamba ya tatu, lile la mistari, na hata likiwa na tope lilikuwa bado halijavaliwa. Nilisogea mbele yake ili lisionekane. Niligundua kwamba watu wote walikuwa wamesimama kwa namna hiyo, kila mtu akiziba kitu.

Fundi akatoa mfukoni kadi ya kliniki ya macho. Aliikuta kwenye sketi, ikiwa na jina la Mwalimu na namba ya simu. Namba hiyo ndiyo aliyoipiga, kabla Mwalimu hajampigia Sabuni.

Sabuni aliangalia geti. Shemeji alikuwa ameegesha pikapu pale, ikaziba njia, na alikuwa akitazama pembeni.

Mwalimu akazichukua zile karatasi mbili akasoma kwa sauti yake ya shuleni. Zilisema kwamba aliyetia sahihi hapa chini, kwa hiari yake na akiwa na akili timamu, atatoa nguo zote zilizomo korongoni kila Jumamosi mpaka maji yapite, na atagharimia matengenezo ya cherehani. Kama hataki, majina ya walioshuhudia akimwaga yako tayari kwa polisi, la kwanza likiwa la shemeji yake.

"Shemeji," Sabuni akasema polepole.

"Dada yangu amesema niandike," Shemeji akajibu.

Mmoja wetu akaanza kumtukana Sabuni, akasema huyu ni wa kufungwa. Wengine tukaitikia, mimi nikiwa kati ya wenye sauti. Mwalimu akatunyamazisha.

"Alitudanganya, ndiyo. Lakini mimi nilijua ni uongo tangu pale ngazini. Nililipa nisiambiwe ukweli. Nani hapa hakulipa?"

Jogoo wa jirani alijaribu kujibu, akaacha.

Kamati ikapitisha kwamba Sabuni hataingia korongoni peke yake. Kila mtu atakwenda mpaka nguo zake zitoke. Jumamosi iliyofuata tulishuka kwa mabuti ya mpira, na sitaeleza harufu. Mashati yangu yaliyosalia tuliyapata yote siku ile ile, yamejisokota kama familia inayoogopa.

Kalavati limeshaanza kupitisha maji. Shemeji sasa ni dereva wa Fundi, kwa mshahara, na mke wa Sabuni anashona pale matambara ya kudekia. Katika ukoo ule asiyelipwa ni mmoja tu. Nailoni bado iko uani kwa Fundi chini ya turubai, na kila anayemuuliza ataifanyaje anaambiwa yeye ni fundi cherehani, si Mwenyezi Mungu. Asiyetaka iongezeke asinunue.

Jumamosi iliyopita tukiwa korongoni, gari zuri lilisimama juu na bwana mmoja akashuka na mifuko miwili. Alikuwa amesikia kuna mahali panapotolewa vyeti. Sabuni alijifuta uso kwa kiwiko. Nilimwona akivuta pumzi, nikajua maneno matamu yanapanga foleni. Halafu akamwambia bwana yule kwamba hakuna kituo, hakuna mashine, nguo hizo zikiachwa zitaishia hapa anapoona watu wamesimama. Arudi nazo nyumbani akazivae.

Bwana akamkazia macho. Akaniinamia mimi, akaniuliza kwa sauti ya chini kama huyu mtu si tapeli. Kisha akaondoka na mifuko yake, akisema atatafuta wakweli kwingine.

Tukaendelea kuvuta. Shemeji alikuwa ameketi juu ya boneti akinywa chai, akanitazama.

"Kaka," akasema, "wewe nguo zako si zilitoka zote Jumamosi ya kwanza?"

Niliposimama kufikiri, buti langu la kushoto lilikuwa limeshazama. Hii ilikuwa Jumamosi yangu ya tano. Kila Ijumaa jioni Sabuni alikuwa akinipigia simu, kwa sauti ya huruma kabisa, kuniarifu kwamba ameona mkono wa shati ukitokeza kwenye tope, na hataki kusema mengi, ila unafanana sana na wangu.

Nikageuka kumtazama. Alikuwa amekaa juu ya jiwe kavu, amevua glavu.

"Ulikuwa unafanana," akasema.